Amepata Kumi kwa Kumi, Ila 0.35 Bado Ameiweka Juu ya 0.4

"Mjomba, hili la mwisho ndilo rahisi kuliko yote," alisema, akaandika bila kuinua kichwa.

Tulikuwa barazani kwa dada yangu, Newala, Oktoba, mwanzoni mwa msimu. Magunia ya korosho yamesimamishwa ukutani yakisubiri kupelekwa ghalani, na mpwa wangu wa darasa la tano amekalia mojawapo, daftari la hisabati liko magotini. Swali lilitaka desimali zipangwe kuanzia ndogo hadi kubwa: 0.5, 0.35, 0.125, 0.4.

Akaandika: 0.4, 0.5, 0.35, 0.125.

Nikamuuliza 0.125 imefikaje mwisho.

"Hiyo si mia moja ishirini na tano, Mjomba? Hii thelathini na tano. Hizi nne na tano tu."

Hakuwa anabahatisha. Alikuwa na sababu, na aliitoa haraka kuliko nilivyouliza. Nikaomba daftari, nikafunua kurudi nyuma. Zoezi la kulinganisha desimali: kumi kwa kumi. Zoezi la kupanga desimali: kumi kwa kumi. Kalamu nyekundu imepita kila swali, na chini kabisa mwalimu ameandika "Hongera".

Mtoto kukosa swali moja hakunisumbui. Kilichokaa kichwani mwangu wiki zote hizi ni zile kumi kwa kumi.

## Aliyapataje yale mengine?

Nilikaa na lile daftari usiku ule nikiyasoma maswali aliyopata. 0.47 na 0.36, ipi kubwa? 2.8 na 2.3? 0.725 na 0.752? 5.14 na 5.41? Yote yalikuwa ya namna hiyo.

Kila jozi ina idadi sawa ya tarakimu baada ya nukta.

Sasa mchukue mtoto ambaye kichwani mwake nukta ni kama ukuta tu: upande wa kushoto kuna namba, upande wa kulia kuna namba nyingine ya kawaida. Mpe 0.47 na 0.36. Ataona 47 na 36, ataichagua 47, na atapata. Mpe 0.725 na 0.752. Ataona 725 na 752. Atapata tena. Unaweza kumpa maswali mia ya aina hiyo na asikose hata moja, ilhali hajui kitu chochote kuhusu desimali.

Kumi kwa kumi zake zilikuwa halali. Mwalimu hakukosea kuzisahihisha, na mtoto hakuibia. Ila zilikuwa zinapima uwezo wa kulinganisha 47 na 36, jambo analolijua tangu darasa la pili.

Wala kanuni yake haikutoka hewani. Tangu ajue kuhesabu, namba yenye tarakimu nyingi imekuwa kubwa kuliko yenye tarakimu chache. Mia na ishirini na tano inaipita thelathini na tano, nayo inaipita tano. Kanuni hiyo haijawahi kumwangusha dukani, shambani wala darasani. Ingekuwa ajabu aiache mwenyewe siku ile alipoonyeshwa nukta.

Mimi kazi yangu ni kupima viwanja, na desimali ndizo ninazoshinda nazo: mita 24.5 upande huu, mita 24.35 upande ule. Nimezizoea kiasi kwamba sikuwahi kujiuliza mtu huzielewaje kwa mara ya kwanza. Kwa hiyo nikaanza kusoma, na nikakuta kwamba jambo hili lina watu waliolifuatilia kwa miaka mingi. Mwaka 1989 Lauren Resnick na wenzake walichapisha utafiti uliolinganisha watoto wa Marekani, Ufaransa na Israeli, na kote walikuta makosa yaleyale yakifuata kanuni zilezile. Kule Australia, Kaye Stacey na Vicki Steinle wa Chuo Kikuu cha Melbourne waliwafuatilia wanafunzi zaidi ya 3,000 wakitumia jaribio fupi la kulinganisha desimali mbilimbili. Hawakuishia kuhesabu waliopata na waliokosa. Walitazama ni jozi zipi mtoto anazipata na zipi anazikosa, na kwa mpangilio huo wakaweza kusema mtoto anafikiri nini.

Watoto wenye kanuni ya mpwa wangu, kwamba ndefu ndiyo kubwa, wamo katika tafiti hizo zote.

Lakini wamo na wengine, na hao ndio walionikosesha usingizi zaidi.

## Binti wa jirani

Kesho yake binti wa nyumba ya pili, wa darasa la sita, alikuja kuchota maji. Nikampa swali lilelile, kwenye karatasi mpya.

Akaandika: 0.125, 0.35, 0.4, 0.5.

Sahihi kabisa. Mpwa wangu alikuwa anachungulia begani kwake, na nilitaka nimwambie, "Umeona?" Ila kazi yangu imenifundisha kutoamini kipimo kimoja. Kwa hiyo nikamuuliza na yeye: kwa nini 0.125 ndiyo ndogo?

"Kwa sababu hii ni ya sehemu za elfu," alisema. "Za elfu ni vipande vidogo mno. Hii 0.35 ni ya sehemu za mia, afadhali kidogo. Hizi mbili ni za sehemu za kumi, ndizo kubwa."

Sauti ya mtoto aliyesikiliza darasani. Nikaandika 0.3 na 0.35, nikamuuliza ipi kubwa.

"0.3."

Kwa nini?

"Si nimeshasema? Hii ni ya sehemu za kumi, na hii ni ya sehemu za mia."

Nikaandika 1.2 na 1.25. Akachagua 1.2. Nikaandika 0.6 na 0.73. Akachagua 0.6.

Kwake yeye fupi ndiyo kubwa, sikuzote. Swali la mpwa wangu lilikuwa limempitisha mlangoni bila kumgusa. Na ukimpa mpwa wangu jozi zilizomwangusha huyu binti, yeye atapata zote: 0.35 kubwa kuliko 0.3, 1.25 kubwa kuliko 1.2, 0.73 kubwa kuliko 0.6. Kila mmoja anapata pale mwenzake anapokosa, na hakuna kati yao anayejua.

Swali moja lilimkamata mmoja na kumficha mwingine.

Ilinichukua muda kuona kinachowaunganisha. Mpwa wangu alihesabu vipande bila kutazama ukubwa wa kipande: thelathini na tano ni nyingi kuliko nne, basi. Binti alitazama ukubwa wa kipande bila kuhesabu viko vingapi: sehemu ya mia ni ndogo kuliko sehemu ya kumi, basi. Kila mmoja ameshika nusu ya ukweli, na nusu aliyoishika ni ya kweli.

Ndiyo maana kumwambia mtoto "umekosa, rudia" hakumsaidii hapa. Atarudia kwa kanuni ileile, na akipata jozi za kumfaa, ataondoka na vema zake.

## Kwenye mizani

Siku ya kupeleka mzigo niliongozana nao hadi ghala la chama cha msingi. Nilikuwa na tumaini kwamba mizani itamfundisha mtoto kitu ambacho daftari limeshindwa.

Haikumfundisha, na sababu yake ni ya kutafakari.

Mizani ile ya kidijitali ilionyesha tarakimu mbili baada ya nukta kwa kila gunia, iwe inahitajika au haihitajiki. Gunia moja likaonyesha 61.50, lingine 61.05. Nikamuuliza mpwa wangu lipi zito. Akajibu papo hapo, na akapata, kwa sababu hamsini inaipita tano. Mashine ilikuwa imeshazisawazisha tarakimu, kama lilivyofanya lile zoezi la shuleni.

Kisha karani akaandika kwenye kitabu chake. Gunia la kwanza: 61.5. La pili: 61.05. Sifuri ya mwisho ameiacha, kama watu wengi wanavyofanya, na si kosa.

Nikamwonyesha mpwa wangu ule ukurasa. Na haya, lipi zito?

Akatazama, akasita. "Haya sawa, Mjomba. Zote tano."

Magunia ni yaleyale, bado yako mbele ya macho yake. Tofauti yake ni kilo 0.45, karibu nusu kilo. Kwa bei ya shilingi 2,500 kwa kilo, hiyo ni shilingi 1,125 kwenye gunia moja, na mkulima hauzi gunia moja.

Nilianza kufikiri kuhusu mahali ambapo mtoto wa huku anakutana na desimali kabla hajafundishwa. Katika nchi ambazo senti bado zinatembea mfukoni, mtoto anaona bei zenye nukta kila anapotumwa dukani. Sisi tulikuwa na sarafu za senti 5, 20 na 50 zilizoanza kutumika 1966, na wazee wetu walizihesabu. Mtoto wa leo hajawahi kununua kitu cha senti. Kwake shilingi haikatwi. Bei ya andazi ni namba nzima, nauli ni namba nzima, na ada ni namba nzima yenye sifuri nyingi.

Kuna faida ndogo katika hilo. Stacey na Steinle walikuta wanafunzi wanaosoma desimali kama fedha, wakiishia tarakimu mbili tu, wakiamini 4.45 na 4.4502 ni kitu kimoja kwa sababu baada ya senti hakuna tena. Watoto wetu hawana sababu ya kuangukia shimo hilo. Lakini nao hawana mahali pa kuanzia. Wanakutana na desimali kwenye mizani, kwenye pampu ya mafuta, kwenye kipimajoto cha zahanati. Mara nyingi vyombo hivyo vimeshasawazisha tarakimu, kwa hiyo vinaiacha kanuni mbovu salama.

## "Si waongeze sifuri tu?"

Jirani ya dada yangu ni mwalimu mstaafu. Amefundisha hisabati shule za msingi za mkoa huu miaka mingi, na watu wazima wa mtaa ule bado wanamwamkia wakiwa wamesimama. Nikaenda kwake na karatasi zangu.

"Shikamoo, Mwalimu."

"Marahaba, baba. Karibu."

Akazisoma karatasi zote mbili, ya mpwa wangu na ya binti, akatikisa kichwa. "Hawa wote dawa yao moja. Waongeze sifuri mpaka tarakimu zilingane. 0.5 iwe 0.500, 0.35 iwe 0.350, 0.4 iwe 0.400. Kisha walinganishe. Hakuna atakayekosa."

Ni kweli, hakuna atakayekosa. Nilijaribu na mpwa wangu mbele yake: 500, 350, 125, 400. Akapanga bila shida. Mwalimu akanitazama kama mtu aliyemaliza shauri.

Hapa ndipo shaka yangu ilipozidi. Mtoto amepata, ila amepata kwa kufanya kilekile alichokuwa anafanya: ameitupa nukta na kulinganisha namba za kawaida. Tumempa njia ya kuifanya kanuni yake isikosee. Hatujamwambia kwa nini 0.4 na 0.400 ni kitu kimoja. Ukitazama kwa jicho la mtoto, ni jambo la ajabu kabisa. Maisha yake yote, kuongeza sifuri mwishoni mwa 4 kumeifanya iwe 40. Leo anaambiwa aongeze mbili na hakuna kilichobadilika.

Nikamuuliza mpwa wangu: nitajie namba iliyo kati ya 0.3 na 0.4.

"Hakuna," alisema. "Baada ya tatu ni nne."

Mwalimu alinyamaza kidogo. Kisha akasema jambo ambalo nimelibeba tangu siku hiyo.

"Baba, unayosema ni kweli. Lakini mimi nilikuwa na kipindi cha dakika 40 na darasa limejaa mpaka dirishani. Nikiwauliza wote kwa nini, kengele inalia bado niko dawati la pili. Sifuri zinamvusha mtoto kwenye mtihani. Asipovuka, hata hiyo maana atakwenda kuipatia wapi?"

Sikuwa na jibu la haraka, na sidhani kama lipo. Mtu anayeandika makala akiwa ametulia hawezi kumsomea hukumu aliyesimama mbele ya watoto hao wote na chaki moja. Nilichoomba kwake ni kitu kimoja: anipe watoto wale wawili kwa jioni chache, na yeye aje kutazama.

Alikubali.

## Ufito wa mita moja

Nilikata fito kichakani, zilizonyooka, unene wa kidole. Mmoja nikaupima mita moja kamili. Huo ndio moja. Mwingine wa mita moja nikaukata vipande kumi vya sentimita 10. Kisha nikachukua vipande vingine vya sentimita 10 na kukata kila kimoja mara kumi, vikawa vijipande vya sentimita moja. Kwa sehemu za elfu hatukukata kitu. Tulitumia rula, mstari mmoja wa milimita.

Stacey na wenzake waliwahi kutumia vifaa vya namna hii, virefu vya kulazwa, ambavyo mtoto anaona namba kama urefu. Sisi tulitumia kinachoota huku.

Nikamwambia mpwa wangu anijengee 0.4. Akahesabu vipande vinne vya sentimita 10, akavilaza sakafuni, kimoja nyuma ya kingine. Nikamwambia anijengee 0.35 pembeni yake. Akachukua vipande vitatu, kisha vijipande vitano.

Akaishia nusu ya kipande cha nne.

Hakusema kitu. Aliinama, akasogeza mwanzo wa safu zote mbili ulingane sawasawa, kama anayeshuku kuna udanganyifu. Zilikuwa sawa. Akachukua mwenyewe kipande kimoja, vijipande viwili, akapima milimita tano kwa rula, akaiweka 0.125 chini yao. Fupi kuliko zote.

"Kumbe hii mia moja ishirini na tano ni ya vitu vidogo hivi," alisema, akionyesha mstari wa milimita.

Hapo ndipo alipoishika nusu aliyokuwa hana.

Kwa binti ilikuwa vingine, na ngumu zaidi. Alijenga 0.3, vipande vitatu. Akajenga 0.35, vipande vitatu na vijipande vitano. Akaona kwa macho kwamba 0.35 ndiyo ndefu, ila hakuridhika.

"Mbona hii umetumia vipande vya sehemu za kumi?" aliuliza. "Si ni ya sehemu za mia?"

Swali zuri kuliko yote niliyosikia katika shughuli hii. Kwake 0.35 ilikuwa ni vijipande tu, vidogo mno. Kwa hiyo nikamwambia aijenge kwa vijipande peke yake, thelathini na vitano. Akavipanga kimoja kimoja, kazi ndefu, na mpwa wangu akimsaidia kuhesabu. Safu ikafika palepale ilipofika ile ya kwanza.

Kumi za mia zinakuwa moja ya kumi. Alilisema yeye mwenyewe, akiwa bado amechuchumaa. Vijipande ni vidogo, lakini viko thelathini na vitano.

Mwalimu alikuwa amekaa kwenye mkeka muda wote huo. Akasema, "Sasa waambie waongeze sifuri."

Na alikuwa sahihi. Nilimwambia mpwa wangu ajenge 0.4 kwa vijipande, bila kipande kikubwa hata kimoja. Akabadilisha kila kipande kwa vijipande kumi, akafika arobaini. 0.40. Urefu uleule. Sifuri aliyoiongeza haikuwa tena mapambo ya kumvusha kwenye mtihani. Ilikuwa inasema: nimevunja vipande vinne vikawa vijipande arobaini, na hakuna kilichozidi nje.

Njia ya Mwalimu haikuwa mbovu. Ilikuwa imekuja kabla ya wakati wake.

## Vijiduara vya mwaka 1585

Fito hazibebeki kwenda nazo kwenye chumba cha mtihani, kwa hiyo tulihitaji kitu cha kuandika. Nilikipata mahali nisipotarajia.

Simon Stevin, mwanahisabati na mhandisi wa Bruges, alichapisha mwaka 1585 kijitabu kidogo cha kuwafundisha wapimaji, wafanyabiashara na wengine namna ya kuhesabu kwa desimali. Hakutumia nukta. Kila tarakimu aliiambatanisha na kijiduara chenye namba: 0 kwa namba nzima, 1 kwa sehemu za kumi, 2 kwa sehemu za mia, 3 kwa sehemu za elfu. Yaani kila tarakimu ilitembea na kitambulisho chake.

Uandishi huo ulikuwa mzito, na baadaye watu waliuacha wakachukua alama moja tu. Kwa mtu mzima ni nafuu kubwa. Kwa mtoto anayeanza, nadhani kuna kitu kilipotea, kwa sababu nukta inamtaka akumbuke mwenyewe kile ambacho kijiduara kilimwandikia.

Tukavirudisha. Juu ya kila tarakimu baada ya nukta watoto waliandika kijiduara. Kwenye 61.05, sifuri ikapata kijiduara cha 1, tano ikapata cha 2. Kwenye 61.5, tano ikapata cha 1. Mpwa wangu aliyatazama yale magunia mawili upya, safari hii kwenye karatasi, na hakusema tena kwamba zote ni tano. Tano moja ni ya sehemu za kumi, nyingine ni ya sehemu za mia.

Na hapo utaratibu wa kulinganisha ukajitokeza wenyewe. Anza kushoto, kwenye namba nzima. Zikilingana, nenda kijiduara cha 1. Zikilingana na hapo, nenda cha 2. Mahali pa kwanza zinapotofautiana ndipo panapoamua, na yanayofuata kulia hayawezi kubadilisha kitu, hata yawe na tisa ngapi. 0.4 inaishinda 0.3999, kwa sababu hizo tisa zote kwa pamoja hazijazi kipande cha nne.

Mpwa wangu alitaka kuhakikisha hilo la tisa. Alijenga 0.39, akabaki na pengo la kijipande kimoja. Nikamwambia 0.399 inalipunguza pengo hilo libaki milimita moja. Alilitazama kwa muda mrefu sana.

## Simbu na sekunde

Jambo lililowachangamsha kuliko fito lilikuwa riadha. Septemba 2025, Tokyo, Alphonce Simbu alishinda marathoni ya mashindano ya dunia, dhahabu ya kwanza ya Tanzania katika mashindano hayo. Yeye na Mjerumani Amanal Petros wote waliandikiwa saa 2:09:48. Waliachana kwa sekunde 0.03.

Katika mashindano yaleyale, Oblique Seville wa Jamaika alishinda mita 100 kwa sekunde 9.77, na aliyemfuata alitumia 9.82. Waliachana kwa 0.05.

Niliwauliza: mbio zipi zilikuwa za kubanana zaidi? Binti alikataa kwanza kuamini kwamba watu wanaweza kukimbia kilomita 42 wakaachana kwa muda mfupi kuliko waliokimbia mita 100. Akaandika vijiduara vyake. Namba nzima, sifuri na sifuri. Cha 1, sifuri na sifuri. Cha 2, tatu na tano. Akakubali.

Kisha nikawapa ya Filbert Bayi. Februari 1974, Christchurch, alikimbia mita 1,500 kwa dakika 3 na sekunde 32.16, akivunja rekodi ya dunia ya Jim Ryun ya dakika 3 na sekunde 33.1. Mpwa wangu wa mwezi uliopita angevutwa na ile 16 dhidi ya 1. Huyu wa sasa alisema, "Hata sifiki kwenye nukta, Mjomba. Thelathini na mbili, thelathini na tatu." Akauliza kwa nini ndogo ndiyo inashinda. Tukazungumza hilo pia, maana kwenye mizani tunaitafuta kubwa na kwenye mbio tunaitafuta ndogo, na swali la shuleni linaweza kutaka yoyote kati ya hizo.

## Tulipofikia na Mwalimu

Yeye bado anaamini darasa kubwa haliwezi kujenga fito kila siku, na nakubaliana naye. Lakini alisema jambo jingine: mwalimu wa darasa hahitaji maswali mengi zaidi, anahitaji yaliyochaguliwa. Tukakaa barazani kwake kuyachagua.

0.4 na 0.35, kwa ajili ya watoto kama mpwa wangu. 0.3 na 0.35, kwa ajili ya watoto kama binti. 2.05 na 2.5, kwa wale ambao sifuri ya katikati haiwaambii kitu. Na lile la kutaja namba iliyo kati ya 0.3 na 0.4, kwa wale wanaopata yote kwa kuongeza sifuri. Mtoto akijibu manne hayo, mwalimu anajua amekaa wapi hata bila kumuuliza kwa nini, na yanasahihishika haraka kuliko kumi za 0.47 na 0.36. Yeye mwenyewe atazungumza na mwalimu wa darasa la tano, maana alimfundisha.

Tumebishania swali la tano. Mimi nataka liwemo: 0.6 na 0.60, ipi kubwa? Mpwa wangu wa Oktoba angesema 0.60, binti angesema 0.6, kwa hiyo linawatenganisha wote wawili kwa mara moja. Mwalimu anasema swali la "ipi kubwa" ambalo jibu lake ni "hakuna" litawafanya watoto wahisi wametegwa, na mtoto aliyetegwa na mwalimu wake hasemi tena anachofikiri. Anataka liandikwe vingine: "Je, zinalingana?" Mimi naona ukiuliza hivyo umeshampa jibu. Hatujaelewana, na Jumamosi narudi Newala.